Binti Yetu na Silvano wa Kwenye Simu

Mpendwa Mama Nyambura,

Yule mbuzi na yule kondoo walioletwa na watu wa Mwea wamerudishwa kwao juzi. Dereva wa pikapu aliwapandisha, akawafunga, kisha akaniuliza, "Mwalimu, kwani mmekosana?" Nikamwambia akaze kamba ya upande wa kushoto. Hakuwa mtu wa kuelezwa. Wa kuelezwa ni wewe, kwa maana Nyambura ni wako kama alivyo wangu, na posa iliyovunjika imevunjikia katika nyumba uliyoijenga.

Nakuandikia nikiwa sebuleni, mapazia yamefungwa ingawa ni mchana. Wewe ndiye uliyekuwa ukiyafunga ili jua lisichujushe viti, nami nikija nyuma yako nikiyafungua. Siku hizi nayafunga mwenyewe kwa sababu ya gari jeupe ambalo huja kusimama ng'ambo ya barabara. Lakini sitaki kukimbilia huko.

Kumbuka siku nilipokuja kwenu na wazee wangu. Baba yako alijaza kibuyu, akakuita mbele ya watu, akakuuliza kama tunywe. Sote tulikuwa tukiijua desturi: msichana akisema wanywe, amekubali kuolewa, akisema wasinywe, kila mtu achukue kofia yake aende zake. Ulitazama chini, kisha ukatazama juu kwenye mabati kana kwamba ndiyo kwanza unayaona. Mjomba wangu alikohoa. Mimi nililowa jasho mpaka kwenye soksi. Mama yako akasema, "We msichana, hiyo pombe si yai, haihitaji kuatamiwa." Ndipo ukasema, "Nyweni, lakini mmbakizie baba." Nyumba nzima ilicheka.

Baadaye, ulipokuwa na duka lako pale Kiganjo, ukipanga rangi ya viatu na nyuzi za makuruta wa polisi, nilikuuliza kwa nini ulinitesa vile. Ulijibu bila kugeuka: "Nilitaka kuhakikisha kwamba naulizwa kweli." Nilidhani unanitania. Mwezi huu nimeyarudia maneno hayo mara nyingi.

Muchiri hukumwona. Alikuja tulipokuwa tumekwisha kukuzika. Ana kinu cha mpunga kule Mwea, hanywi pombe, anaimba katika kwaya ya kanisa lao, na Kiswahili chake ni safi kuliko cha vijana wengi wa huku kwetu. Siku ya kwanza alisimama mlangoni, akavua kofia, akasema, "Shikamoo, Mwalimu. Nimekuja kwa heshima zote." Unajua vijana wetu husalimu vipi. Nilimtazama mara mbili, na mara ya pili nilikuwa nimekwisha kumpenda.

Wazee wake walikuja kwa ile hatua iitwayo kuhanda ithigi, yaani kupanda tawi: ishara kwamba boma hili lina msichana aliyechumbiwa, wengine wasibishe hodi. Siku hizi tawi lenyewe halipandwi. Huletwa mbuzi jike mchanga na kondoo jike mchanga, yakasemwa maneno, na mambo yakawa yamesemwa. Niliwapokea wanyama hao kwa mikono yangu, nikawafunga karibu na majani ya ng'ombe.

Tangu hapo Muchiri alikuwa akinipigia simu hata mimi. "Baba, Nyambura amefika salama?" "Baba, Nyambura amekula?" Binti yetu anasimamia wafungaji wa maua katika shamba moja huko Timau, na kijana huyu wa Mwea alizijua zamu zake kuliko mwajiri wake. Nilimsifu mbele ya dada yangu Wairimu. Nilisema, huyu ni mwanamume anayejali. Wairimu akasema, "Wangu mara ya mwisho kunipigia alikuwa akitafuta soksi. Huyu asiachwe."

Majuma machache kabla ya siku ya ruracio, siku ambayo wazee wa pande mbili hukaa na kupatana na msichana huulizwa lile swali, Nyambura alikuja nyumbani kwa likizo. Alikuwa amekonda. Nilidhani ni wasiwasi wa bibi harusi. Kisha nikaanza kuona kwamba kila mara yuko na simu, na hazungumzi na mtu. Hutazama tu na kugusa, hutazama na kugusa.

Asubuhi moja nilisikia harufu ya kuungua, nikaenda jikoni. Viazi vilikuwa vimeshika chini ya sufuria. Yeye alikuwa amesimama pale pale, simu imeegemezwa kwenye mkebe wa chumvi. Kiooni palikuwa na picha ya kijana wa kuchorwa, nywele nyeupe ilhali si mzee, macho ya zambarau.

"Huyu ni nani?"

"Ni Silvano, Baba."

"Silvano wa nani?"

"Si wa mtu. Ni gemu tu. Ya mapenzi."

Unanijua. Nilisema yaliyonijia: kwamba mtu mzima aliyechumbiwa hawezi kuwa na mchumba wa pili wa kuchorwa, kwamba viazi vinauzwa sokoni, kwamba sikumsomesha ili asimame jikoni akipendana na katuni. Alianza kukwangua sufuria. Nikaongeza, "Na Muchiri anajua?"

Hapo aliinua uso. "Usimwambie, Baba. Tafadhali. Usimwambie."

Nimewasikia wanafunzi wakiomba kwa sauti nyingi. Kuna sauti ya aliyefumaniwa na kuna sauti ya anayeogopa, na hiyo ilikuwa ya pili. Nilizima jiko, nikavuta kigoda, nikamwambia anieleze.

Mchezo wenyewe ni hivi. Kuna mji mdogo, na ndani yake wanaume watano: mwoka mikate, daktari, mpiga gitaa, mwalimu, na huyu Silvano. Mchezaji ni msichana aliyehamia mjini humo na humchagua mmoja. Wasichana wenzake wa Timau huucheza wakati wa chakula cha mchana; leo wanampenda daktari, kesho mpiga gitaa, wanachekana, wanazima simu na kurudi kwenye maua. Sioni ubaya katika hilo. Lakini Nyambura humchagua Silvano peke yake, na akifika mwisho huanza upya na kumchagua tena.

Silvano huanza kwa zawadi. Kisha huuliza uko wapi. Kisha hukasirika ukinunua mkate kwa yule mwoka mikate, na siku ya pili duka la mikate halipo tena. Rafiki wa msichana haonekani tena, na jina lake linafutika kwenye simu iliyo ndani ya mchezo. Baadaye hata barabara ya kutoka mjini inafutika kwenye ramani, ikabaki nyumba moja, na ndani yake chumba kimoja. Na kila msichana anapomkataa mtu mwingine kwa ajili ya Silvano, moyo mwekundu hujaa juu ya kioo na muziki mtamu hupigwa. Mchezo humpongeza kwa kila mtu anayempoteza.

"Na mwisho wake ni upi?" nikauliza.

"Miisho ni mingi. Kuna ile ya harusi. Kuna ile analia mpaka unamhurumia. Kuna ile unaugua anakuuguza. Zote uko ndani ya nyumba."

"Basi kwa nini unamchagua huyo huyo kila siku, na wengine wapo?"

Alifuta mikono kwenye aproni, polepole. "Natafuta ile ya kutoka, Baba. Lazima kuna mahali fulani ukisema neno fulani, mlango unafunguka. Nikiipata nitajua venye husemwa."

"Umwambie nani?"

Simu ililia. Alikuwa Muchiri. Sauti ya binti yetu ilibadilika, ikawa ya mtu anayesoma tangazo. "Niko nyumbani. Jikoni. Na Baba. Hapana, hakuna mtu mwingine. Sawa, naweza kukuonyesha." Akaigeuza simu ili kamera imwonyeshe jikoni yetu: jiko, dirisha, mlango wa nyuma, kona nyuma ya mlango. Kisha akanionyesha mimi, nimekaa kwenye kigoda na mwiko mkononi.

"Shikamoo, Baba," Muchiri akasema akitabasamu. "Nilitaka tu kuwajulia hali."

Nikaitikia "Marahaba." Mama Nyambura, nilipekuliwa ndani ya nyumba yangu kama mkoba wa mwanafunzi, nami nikaitikia.

Alipokata simu, nilimwuliza kama huwa hivyo kila siku, na maneno yakamtoka kama maji ya bomba lililokuwa limeziba. Muchiri alimtaka aache vikundi vyote vya simuni, hata cha kwaya. Alimtaka asiwe karibu na Kagendo, rafiki yake wa kazini, kwa sababu Kagendo ana kaka. Siku moja hakupokea simu kwa kuwa alikuwa ndani ya chumba baridi cha maua ambamo simu haziruhusiwi. Alipotoka zamu alimkuta Muchiri amesimama langoni, ametoka Mwea mpaka Timau ili kuona kwa macho yake. Alimletea jaketi. Wafanyakazi wote walisema, angalia mapenzi hayo. Na kila alipolalamika, Muchiri alimjibu kwa upole: "Tawi lilishapandwa kwenu. Wengine wa nini?"

"Kwa nini hukuniambia?"

"Hajanigusa hata kidole, Baba. Ningewaambia wazee nini? Ati ananipenda sana?"

Nilikuwa nimekaa kigodani, mimi niliyemsifu mtu huyo kwa kupiga simu.

Siku zilizofuata, baada ya chakula cha mchana, tuliketi mezani tukaucheza pamoja. Usicheke. Maneno ni ya Kiingereza, yeye akisoma, nami nikisema tujibu nini. Niliamini kwamba kwa kuwa mtengenezaji ni binadamu, atakuwa ameacha mlango. Nilijaribu ukali, Silvano akalia. Nilijaribu hoja, akasema hakuna atakayekupenda kama mimi. Tulijaribu kutompenda tangu mwanzo, tukanunua mikate kila siku, naye akawa anasimama nje ya dirisha kwenye mvua mpaka mwoka mikate mwenyewe akatuambia tumhurumie. Mwishoni kabisa mchezo ulituuliza: utakaa? Chini yake palikuwa na majibu mawili ya kugusa. La kwanza lilisema, nitakaa. La pili lilisema, nitakaa nawe milele.

"Hili si swali," nikasema.

"Najua, Baba."

Nikamwambia aguse la kwanza, mlango ukafungwa, muziki ukapigwa. Nilitoka nje nikatembea mpaka kwenye ua na kurudi. Nimetunga mitihani maisha yangu yote ya kazi, na sijawahi kubanwa na karatasi kama nilivyobanwa na kile kioo kidogo.

Kuna jambo moja zaidi katika mchezo ule, nami sitalificha kwako. Msichana ana baba. Anaonekana mara moja tu, karibu na mwanzo. Silvano anakwenda kumsalimu, anainama vizuri, na baba anatabasamu na kumpa ufunguo wa nyumba. Anasema kijana huyu ana adabu. Nilingoja aonekane tena. Hakuonekana.

"Huyu baba yuko wapi?" nikamwuliza Nyambura. "Haji kumtembelea?"

"Haji," akasema. "Kazi yake iliisha pale."

Alisema bila nia mbaya, macho yake yakiwa kwenye simu.

Kabla ya wageni kuja, nilimwambia hivi: "Sitakuambia useme nini. Nitakuuliza swali mbele ya wote, nami nitangoja jibu." Akaniuliza, "Na nikisema hapana, utafanya nini? Wageni wameshaalikwa. Mchele umeshaletwa." Nikamwambia nitakiweka kibuyu chini. Alinitazama kama mtu anayesoma maandishi madogo. Nadhani hakuniamini, na simlaumu. Katika kila ruracio niliyohudhuria msichana hufundishwa jibu na shangazi zake tangu asubuhi, na anayeuliza huwa ameanza kukiinua kibuyu kabla hajajibiwa. Sote tumelifanya swali lile kuwa na jibu moja. Wewe peke yako ndiye niliyekuona ukilichelewesha.

Wakaja. Walikuwa watu wazuri, lazima niseme. Mzee wao msemaji alikuwa mcheshi. "Tumepita mashimo yote kutoka Mwea mpaka hapa," akasema, "na kila shimo limetuongeza kiu." Kwa kuwa sisi ni watu wa kanisa, tulitia uji kibuyuni badala ya pombe, wakanung'unika kidogo, tukacheka. Muchiri alivaa suti ya kijivu. Alimwamkia kila mtu, hata watoto.

Wairimu alimleta Nyambura, amejifunga leso mpya. Nikasimama, nikashika kibuyu kwa mikono miwili, chini, karibu na tumbo.

"Nyambura, mama, uliyebeba jina la mama yangu. Watu hawa wamekuja kwa ajili yako. Uji huu tuunywe?"

Nikangoja.

"Sema, mtoto," Wairimu akanong'ona kwa sauti iliyosikika mpaka zizini. "Uji unapoa." Watu wakacheka.

Nyambura alimtazama Muchiri, naye akampa ishara ndogo kwa kichwa, kama mtu anayemkumbusha mtoto kusema asante. Kisha binti yetu akanitazama mimi, au mikono yangu, kuona kama imeanza kuinuka.

"Msiunywe," akasema.

Hakuna aliyejua avae uso gani. Msemaji wa Mwea akajaribu kutuokoa: "Msichana ana haya. Ndivyo wanavyolelewa wasichana wazuri. Mwalimu, rudia swali."

Nimerudia maswali maisha yangu yote. Nimeyarudia kwa wasiosikia na kwa wasiotaka kusikia. "Amelisikia," nikasema, "na amelijibu." Nikainama, nikakiweka kibuyu kwenye nyasi.

Muchiri akasimama. Hakupandisha sauti. "Baba, nipe dakika moja nizungumze naye pembeni."

"Zungumza hapa hapa."

Akamgeukia, akitabasamu lile tabasamu la jikoni. "Nyambura, wewe unanijua. Hakuna atakayekupenda kama mimi."

Maneno ya Silvano. Neno kwa neno, Mama Nyambura.

"Hilo nimelisikia mara nyingi," Nyambura akasema. "Nenda nyumbani, Muchiri."

Wageni walikwenda na mchele wao haujaliwa. Wairimu hajanisemesha tangu siku hiyo, isipokuwa kuniambia kwamba ungekuwepo usingeruhusu aibu hii. Nami nimekaa nikijiuliza kama ni kweli. Naamini ungelijua jambo hili mapema kuliko mimi, kwa kumtazama tu binti yako akimenya kiazi.

Nilidhani mlango umefunguka siku hiyo. Haukufunguka wote. Simu zililia mpaka Nyambura akabadilisha nambari. Sasa zinalia kwangu. "Baba, nieleze tu kama amekula." Wazee wake wameahidi kumkanya, na nimekwenda kituo cha polisi nikaeleza, nao wakaniuliza kama amemgusa. Gari jeupe la Muchiri husimama pale barabarani. Hashuki, hapigi honi. Hukaa tu, nasi hukaa ndani, tukitembea bila viatu kwenye nyumba yetu wenyewe kana kwamba tuna mgonjwa. Nyambura ameufuta ule mchezo. Nilimwuliza kama aliupata ule mwisho wa kutoka, akasema haupo, alisoma walichoandika wachezaji wengine, haupo kabisa.

Leo likizo yake inakaribia kwisha, na wakuu wake wa kazi wamekubali kumhamishia upande mwingine wa shamba. Baada ya chai ya asubuhi alisema anakwenda Karatina kununua viatu. Peke yake. Alipitia njia ya nyuma, katikati ya majani marefu ya ng'ombe wa jirani. "Nitarudi nikimaliza," akasema. Hakusema saa, nami sikuuliza.

Sasa jua limegeuka. Gari jeupe leo halipo, na kutokuwepo kwake kunanitisha kuliko kuwepo. Simu yangu iko gotini. Nambari yake mpya naijua kwa moyo. Nikimpigia atapokea mara moja. Ataniambia yuko wapi, na nani, na bila kuombwa ataigeuza simu anionyeshe duka, na mlango, na kona nyuma ya mlango. Amezoezwa hivyo. Nami nataka kuona, Mama Nyambura. Nataka sana, kiasi cha kujiogopa.

Kwa hiyo nilichukua kalamu. Barua hii yote nimeiandika ili mikono yangu iwe na kazi nyingine. Mpaka hapa nilipofika, sijampigia.

Pumzika. Ukurasa ukijaa nitatafuta mwingine.

Mumeo,
Baba Nyambura